Khabari ya Kuchungulia Michezo ya Faragha

Yajulikana kwa kila mwenye kijana nyumbani kwake kwamba michezo ya zama hizi haichezwi tena uwanjani peke yake. Kijana hukaa chumbani na kompyuta yake au simu yake, na wenziwe wako Seoul, na Berlin, na Nairobi, na wote hukutana kwa njia ya intaneti katika uwanja usioko mahali po pote ila ndani ya mashine za kampuni yenye mchezo. Humo hupigana, hushindana, husemezana, na pengine hukesha mpaka alfajiri. Kama jambo hilo lafaa au halifai, na ni kiasi gani cha umri wa mtu kistahilicho kumalizwa humo, hayo yana mahali pake wala hayakusudiwi hapa. Linalokusudiwa ni suala moja ambalo wengi hulipita kwa kulidharau, nalo ni hili: watu wawili, au kumi, wakijifungia mlango katika mchezo huo ili wacheze wenyewe kwa wenyewe, je, ni halali kwa mtu wa nje kutafuta njia ya kuwatazama na hali wao hawana khabari?

Wengi hujibu kwa upesi kwamba huo ni mchezo tu. Walakini neno hilo "tu" halijapata kuondoa hukumu ya jambo lo lote. Barua nayo ni karatasi tu, na mazungumzo ya mtu na mkewe ni sauti tu, na hapana mwenye akili atakayesema kwamba kwa ajili hiyo kila mtu ana ruhusa ya kufungua barua za watu na kutega sikio ukutani mwao.

Michezo mingi ya namna hii ina viwanja vya watu wote, na pia ina vyumba vya faragha, ambavyo haingii mtu ila aliyealikwa au aliyepewa neno la siri. Waingiao humo si wa namna moja. Wako marafiki watakao kucheka pamoja bila ya kusikiwa na wageni. Wako waanzao kujifunza, ambao huona haya kushindwa mbele za watu. Na wako watu ambao mchezo ndiyo kazi yao, mishahara yao hutoka humo, nao hujifungia ili wajaribu hila ambazo hawataki wapinzani wao wazijue kabla ya siku ya mashindano. Haja zao ni mbali mbali, lakini wote wamefanya tendo moja, nalo ni kurudisha mlango.

Na mlango ndio asili ya maneno haya. Wachezao bao barazani wamekwisha kuridhia macho ya watu. Mpita njia husimama, huinama, hutikisa kichwa, na pengine hutia ulimi wake asipoulizwa. Na wachezaji humkemea kwa ule ulimi, hawamkemei kwa jicho. Lakini watu hao hao wakiingia ndani wakafunga, kisha yule mpita njia akapanda juu ya pipa ili awatazame dirishani, hapana mtu mjini atakayesema kwamba jambo ni lile lile. Bao halikubadilika, wala kete hazikubadilika, wala wachezaji. Katika Sura ya An-Nur watu wamekatazwa kuingia nyumba zisizo zao mpaka watake idhini na kuwatolea salamu wenyewe, na katika Sura ya Al-Hujurat imekatazwa kupeleleza siri za watu. Na wanavyuoni wameeleza kwamba hodi imewekwa kwa ajili ya jicho kabla ya mguu. Maana mguu ukibakia nje na jicho likaingia, hiyo hodi imekuwa haina faida.

Huenda akasema msemaji: "Mfano huu haufai, kwani nyumba ni mali ya mwenyewe, na uwanja wa mchezo si mali ya wachezaji. Uwanja ni wa kampuni, mashine ni za kampuni, na hata picha zionekanazo ni za kampuni. Basi ni nani aliyevunjiwa nyumba?" Atajibiwa kwamba mpangaji naye hana nyumba. Kuta si zake, bati si lake, na ufunguo wa pili uko kwa mwenye nyumba. Juu ya hayo, mwenye nyumba hana ruhusa ya kumchungulia mpangaji wake akioga, sembuse jirani wa mpangaji. Haki ya kutotazamwa haifuati milki ya kuta. Humfuata mtu aliyomo ndani ya kuta hizo. Hoja ya milki ni hoja ya watu wa biashara, na ikiletwa mahali hapa huwapoteza watu njia, kama ilivyowapoteza katika kisa kilichotokea mwezi wa Februari mwaka 2015, ambacho chastahili kuelezwa kwa urefu.

Kisa hicho ni cha mchezo uitwao League of Legends, wa kampuni ya Riot Games ya Marekani, ambao watu kumi huucheza kwa pamoja, watano wakipigana na watano. Bingwa wake mkubwa alikuwa, na mpaka leo wengi wasema ndiye, kijana wa Korea ya Kusini, Lee Sang-hyeok, ajulikanaye kwa jina la Faker, aliyekuwa amekwisha kutwaa ubingwa wa dunia mwaka 2013 pamoja na timu yake ya SK Telecom T1. Wachezaji wa timu hiyo walikuwa na mapatano na kampuni moja iliyoitwa Azubu, kwamba wakitaka kuonyesha michezo yao mubashara kwa watu, waionyeshe kwa Azubu peke yake, wapate ujira wao.

Sasa, katika programu ya League of Legends mna kidirisha cha watazamaji. Wakati huo mtu aliyelijua jina la mchezaji aliweza kuingia na kumtazama akicheza mapambano yake ya kila siku, ila alionyeshwa mambo yaliyokwisha kupita kwa dakika 3, ili mtazamaji asipate kumpasha khabari adui. Mtu mmoja akatumia kidirisha hicho. Akafungua chaneli katika Twitch, jina lake SpectateFaker, na kila mara bingwa yule alipoingia katika pambano chaneli ile ilimfuata yenyewe na kumwonyesha kwa maelfu ya watu, awe ana moyo wa kutazamwa siku hiyo au hana. Azubu ikapeleka mashtaka ya hakimiliki kwa Twitch, ikitaka chaneli ifungwe. Ndipo ulipozuka mzozo ambao wachezaji wa dunia nzima walitia maneno yao.

Mwenye chaneli alijitetea kwamba Azubu haina hakimiliki ya mchezo huo; mwenye mchezo ni Riot. Na katika neno hilo alikuwa na haki, wala hapana njia ya kumpinga. Picha zilizokuwa zikionyeshwa hazikuwa picha za Azubu. Zilitoka katika kidirisha alichokijenga Riot mwenyewe kwa kila mtu. Azubu ilidai kitu kisicho chake kwa sababu ilichelea khasara ya fedha. Lakini hapa ndipo watu wengi walipoteleza. Mtu akimshinda mdai wa uongo hakupata kwa ushindi huo idhini ya mwenye haki wa kweli. Alaye tende za shamba la yatima hawezi kujitetea kwa kuthibitisha kwamba aliyemkamata hakuwa mlinzi wa shamba. Mwenye chaneli alithibitisha kwa ufasaha kwamba Azubu si mlinzi, na wafuasi wake wakampigia makofi, na tende bado si zake.

Upande wa pili wa hoja yake ulikuwa na nguvu zaidi, na ni insafu kuutaja: kwamba kidirisha kiko wazi, na kila mmoja wa wale maelfu angaliweza kuingia mwenyewe na kumtazama bingwa huyo bila ya kuvunja sharti lo lote. Ikiwa ni halali kwa mmoja, kwa nini iwe haramu kwa elfu? Jawabu ni kwamba wingi una hukumu yake. Dirisha la mtu likiwa wazi barabarani, apitaye akatupa jicho hana lawama. Lakini atakayeleta mabao akayapanga mbele ya dirisha hilo, akaita watu kwa mbiu, akafanya hivyo kila siku kila mwenye nyumba arudipo kazini, huyo amefanya jambo jingine kabisa, ijapokuwa kila mmoja wa wale waliokaa hakufanya zaidi ya alivyofanya mpita njia. Mwenye nyumba aliacha dirisha wazi kwa hisabu ya wapita njia. Hakuliacha kwa hisabu ya mabao.

Riot ilipopima mambo hayo ikataka chaneli ile ifungwe. Marc Merrill, mmoja wa waasisi wawili wa kampuni hiyo, alieleza hadharani kwamba jambo lililozingatiwa ni mchezaji mwenyewe na madhara yaliyompata. Hukumu ilikuwa njema. Lakini msomaji atazame jinsi ilivyofikiwa. Haikusemwa kwamba jambo lenyewe halifai. Ilisemwa kwamba mtu fulani, mwenye jina kubwa, na timu kubwa, na mapatano ya fedha, amedhurika. Na mapambano yale yalikuwa ya watu kumi. Kila mara bingwa alipoonyeshwa, walionyeshwa pamoja naye wengine tisa, kila mmoja na jina lake la mchezo, na makosa yake, na kushindwa kwake mbele ya bingwa wa dunia. Wakubwa walipozozana, mzozo ulikuwa juu ya yule mmoja. Kama haki ya kutotazamwa yangoja mpaka mtu awe na kampuni ya kumgombea, basi imekuwa bidhaa, na mnyonge hana sehemu yake.

Yamkini atasema mtu kwamba wale tisa hawakupungukiwa na kitu. Hawakuibiwa fedha wala hawakutukanwa, na wengine pengine walifurahi kuonekana. Hilo laweza kuwa kweli kwa wale tisa, lakini si kweli kwa waliojifungia katika chumba cha faragha, na hao ndio asili ya suala.

Tazama timu zinazofanya mazoezi. Ni desturi ya timu za wenye kazi hii kupatana, timu na timu, zikutane katika uwanja uliofungwa zijaribu hila zao, na desturi hiyo yataka kila upande uyafiche yaliyotokea humo, hata nani aliyeshinda. Mtu asiyejua kazi hiyo atadhani wanafichana ushindi. Wanalofichana zaidi ni kukosea. Mchezaji hujaribu njia ambayo aghalabu ya siku haifanikiwi. Hushindwa nayo mara kumi ili aifahamu mara ya kumi na moja. Akijua kwamba anatazamwa hataijaribu, atacheza yale yale anayoyaweza, na hivyo mazoezi yatakuwa si mazoezi tena bali ni maonyesho. Katika chuo mtoto huandika ubao wake, akakosea, mwalimu akamsahihisha, na ubao ukaoshwa. Maji yale yameondoa makosa pamoja na wino. Lau kama kila ubao wa kila mtoto ungalitundikwa sokoni kabla ya kuoshwa, ni watoto wangapi wangalithubutu kushika kalamu? Basi achunguliaye mazoezi ya watu amewanyima kuosha ubao. Hiyo ndiyo khasara, nayo ipo ijapokuwa mchunguliaji hakumwambia mtu, kwani wakisha kushuku mara moja kwamba chumba chao kina tundu, hawatacheza tena kama watu walio peke yao.

Hapa huja mtetezi wa mwisho, naye ndiye mwenye akili kuliko wote, akasema: "Je, wasiposhuku kamwe? Nimetazama, nimenyamaza, sikumwambia adui yao, nao hawatajua mpaka kufa kwao. Nimewapunguzia nini?" Suala hili ni zito, na wajibuo kwa kupiga kelele hawalijibu. Jawabu lake ni kwamba kila mtu hutenda kwa hisabu ya nani amwonaye. Akiwa na mkewe ana maneno, akiwa na mamaye mkwe ana maneno mengine, akiwa na kadhi ana mengine, wala si unafiki huo; ndio adabu yenyewe, kumpa kila mtu anachostahili kuona. Mchunguliaji ameiharibu hisabu hiyo kwa siri. Amemfanya mwenzake atende mbele yake matendo ambayo hakumkusudia, na amemnyima khiyari ya kusema "nawe karibu" au "nawe ondoka". Kutojua kwa aliyeibiwa hakukufanya wizi kuwa kitu kingine; kulimfanya mwizi asikamatwe.

Na mambo haya yalionekana kwa wazi zaidi mwaka 2020 katika mchezo mwingine, Counter-Strike: Global Offensive, wa kampuni ya Valve. Huo nao ni wa watano kwa watano, na aghalabu hushinda aliyejua adui amejificha wapi. Kocha wa timu aliruhusiwa kuingia katika pambano kama mtazamaji, lakini kwa sharti kwamba asione ila wanachokiona wachezaji wake. Programu ikawa na kasoro. Pengine jicho la kocha lilikwama mahali pamoja katika ramani, mfano wa mtu aliyesahauliwa juu ya dari, akawa aona maadui wapitapo chini yake. Na mwaka huo mashindano mengi yalikuwa yakichezwa kwa mbali kwa sababu ya maradhi ya korona, kila timu mahali pake, bila ya mwamuzi kusimama nyuma ya viti vyao. Tume isimamiayo uadilifu wa michezo hiyo, iitwayo ESIC, ikazifukua kumbukumbu za mapambano ya miaka iliyopita, na tarehe 28 Septemba 2020 ikatangaza majina ya makocha 37 waliofungiwa kazi.

Insafu yataka isemwe kwamba kasoro ile haikutiwa na makocha. Wengine iliwajia wenyewe, kama upepo ufunguavyo pazia la jirani mtu akiwa anapita. Jicho la kwanza halina lawama, kwani halikutafutwa. Lakini pazia likiisha kufunguka, kuna mtu ageuzaye uso, na kuna mtu asimamaye. Kocha aliyeona alikuwa na njia: kumwita mwamuzi, au kutoka na kuingia tena, au kuwaambia watu wa upande wa pili. ESIC haikuwapiga wote kwa fimbo moja. Ilipima ni kiasi gani kila mmoja alikaa katika tundu lile, na waliokwenda wenyewe kukiri walipunguziwa. Kipimo hicho ni cha haki. Mwizi wa kuku aweza kumrudisha kuku, au thamani yake. Lakini kilichoonwa hakirudishwi kwa mwenyewe, na aliyeona hawezi kufanya zaidi ya kusema kwamba ameona, ili aliyeonwa apange mambo yake upya. Kwa hiyo kukiri katika jambo hili ndio sehemu kubwa ya malipo yenyewe.

Yafaa kutaja na kisa kifupi cha mwezi wa Oktoba mwaka 2012, mjini Los Angeles, katika mashindano ya dunia ya League of Legends. Nyuma ya wachezaji palikuwa na kioo kikubwa kilichowekwa kwa ajili ya watu waliohudhuria, nacho kilionyesha mahali walipo wachezaji wa pande zote mbili. Mchezaji wa timu ya Azubu Frost akageuza kichwa akakitazama, na timu ikatozwa dola 30,000. Kioo kilitazamwa na watu wote ukumbini, na hakikuwa halali kwa wachezaji waliokikalia mgongo. Hapo msomaji atafahamu kwamba uhalali wa kutazama haujulikani kwa kuuliza kama kitu ni siri au si siri. Huulizwa: ni wazi kwa nani, na kwa idhini ya nani?

Ama mzazi amtazamaye mtoto wake mdogo achezapo na wageni, huyo ana ulezi, na ulezi ni idhini. Bora amwambie mtoto kwamba atakuwa akitazama. Na watumishi wa kampuni wafukuao mapambano ili kuwakamata wenye kughushi ni kama wakaguzi wa mizani sokoni. Wana ruhusa ya kazi yao, na ruhusa hiyo hukoma kazi ikomapo. Mkaguzi ashikaye mizani ya muuzaji kisha akasimulia mkahawani ni nani aliyenunua nini, amevunja amana, wala cheo chake hakimtetei.

Yabakia sehemu ya wenye kujenga viwanja. Lichess, ambayo ni uwanja wa sataranji ulioanzishwa na Mfaransa Thibault Duplessis mwaka 2010, haina mlango wa kufungwa; mapambano yanayoendelea hutazamwa na ye yote atakaye, na yale yenye kuhesabiwa daraja hukusanywa kila mwezi na kutolewa bure kwa watu wote. Hapana mchunguliaji huko, kwa sababu ni baraza, na kila aketiye barazani amekwisha kuiona ilipo. Katika Dota 2, ya kampuni ya Valve, mna swichi ambayo mchezaji mwenyewe huifungua au huifunga, akaamua kama khabari za mapambano yake zitolewe kwa watu wa nje au zisitolewe. Viwanja vyote viwili vimetengenezwa kwa insafu, ingawa havifanani hata kidogo, maana kila kimoja humwambia mtu mapema ni nani atakayemwona. Taabu iko katika viwanja viandikavyo neno "faragha" juu ya mlango, kisha vikaacha nyuma njia ambayo mwenye ujuzi kidogo huipata kwa jioni moja. Mchezaji wa huko hajui kwamba yuko barazani. Aliyeandika neno lile ndiye aliyemwambia kwamba yuko ndani, na tundu likigunduliwa, kabla ya kutafutwa kijana aliyechungulia, yafaa fundi aulizwe alikuwa akilijua tangu lini.